Kadi Niliyoiweka Mkononi Mwake

Kazi yangu ni kuyapa magonjwa namba. Nikisema hivyo kwenye harusi watu hudhani nafanya kazi benki, nami siwasahihishi. Daktari akishamwona mgonjwa, kadi inaletwa kwangu, katika chumba cha kumbukumbu cha hospitali moja hapa Kilosa. Nasoma alichoandika, natafuta namba yake kwenye kitabu kinene ambacho jalada lake tumelishikiza kwa plasta ya vidonda, kisha naiingiza kwenye kompyuta. Malaria ina namba yake. Kuumwa na nyoka kuna namba yake, na kuanguka kutoka mnazini kuna yake pia. Zikishaingia, namba hizo ndizo zinazosema dawa gani iagizwe na mtaalamu gani aombwe.

Sehemu ngumu ni mabaki. Jeraha likipona halafu likaacha kilema, unatakiwa uandike namba mbili. Ya kwanza inasema mgonjwa ana nini leo, ya pili inasema hicho alicho nacho kimebaki kutokana na nini. Mtu aliyeungua mkono miaka iliyopita na leo vidole havikunjuki, huandiki kwamba ameungua, maana moto ulishazimika zamani. Unaandika vidole vimekakamaa, halafu unaandika kuwa ni mabaki ya kuungua. Kwa macho na ngozi inayoyazunguka ni hivyo hivyo. Tatizo ni kwamba kompyuta yetu haikulazimishi kujaza namba ya pili. Ukiacha nafasi wazi inakupitisha bila neno, nami kwa miaka mingi nilikuwa naiacha wazi na kwenda zangu kunywa chai.

Aliyenifundisha kazi alikuwa mzee mmoja aliyekaribia kustaafu, mcheshi, mwenye vidole vyepesi kuliko vyangu mpaka leo. Alikuwa na njia zake za mkato na alinirithisha zote. Mojawapo ilihusu macho. "Ukiona shuka la mfugaji, ukaona na kope zimegeukia ndani, andika trakoma, binti yangu. Usipoteze muda wa watu." Trakoma ni ugonjwa wa macho ambao ukikaa sana huzikunja kope hadi nywele zake zinakwaruza jicho, na ni kweli umewatesa mno wafugaji wa kwetu, ambao maji wanayafuata mbali. Njia ya mkato ya mzee ilikuwa sahihi mara nyingi sana, na kwa sababu hiyo sikuwahi kuitilia shaka.

Kuna jambo jingine, na nisipolisema habari hii haitaeleweka. Sikuwapenda wafugaji. Baba yangu alilima mahindi bondeni, na nilipokuwa darasa la sita ng'ombe waliingia shambani siku moja mchana kweupe, mahindi yakiwa yameanza kubeba. Mwaka ule tulikula mapapai mabichi ya kuchemsha mpaka leo nikiyaona sokoni nageukia upande wa pili. Tangu hapo nikiona shuka damu inanichemka kidogo, hata kama aliyelivaa anapita zake na kibuyu cha maziwa na hana habari na mimi. Mama yangu alikuwa akinisema kwa hilo. Nilimjibu kwamba yeye ana moyo wa sponji.

Basi asubuhi moja alikuja mama mmoja mfugaji. Foleni ilikuwa ndefu, feni imekufa, na nilikuwa nimetoka kugombana na mtu wa stoo kuhusu karatasi. Nilikuwa nimeketi nyuma ya dirisha langu, ambalo ni kubwa na halina wavu, yeye akasimama mbele yangu. Alinizidi umri kwa mbali, alikuwa wa kumwita mama bila kufikiri. Jicho lake la kulia lilikuwa jeupe lote. La kushoto lilikuwa linaona, lakini kope yake ya juu ilikuwa imejikunja ndani na machozi yalikuwa yanatiririka. Ngozi yote ya kuzunguka macho, kuanzia nyusi mpaka shavuni, ilikuwa nyororo na inang'aa, imejikunyata kama utando wa maziwa yaliyopoa.

Trakoma haiunguzi ngozi ya shavu. Nilikuwa nalijua hilo, maana limeandikwa kitabuni, na nilikuwa nimeshawaona watu wengi walioungua.

Daktari alikuwa ameandika: makovu ya kope, kope kugeukia ndani, jicho la kulia halioni. Chini yake aliandika "kutokana na," kisha maneno mawili matatu yaliyolala chali, ambayo hata mwenyewe aliyeyaandika asingeweza kuyasoma. Taratibu zetu ziko wazi. Maandishi yasiposomeka, unamuuliza mgonjwa, au unarudisha kadi kwa daktari. Kurudisha kadi kungenichukua dakika tano. Kumuuliza mama aliyesimama mbele yangu kusingefika hata dakika mbili.

Yeye alikuwa kimya. Si ukimya wa mtu asiyejua la kusema. Alikuwa ananisubiri. Kwetu sote huku, wakulima kwa wafugaji, mdogo ndiye anayeanza, na mkubwa hawezi kujiamkia mwenyewe. Alisubiri shikamoo yake, na ilipochelewa akanyoosha mkono polepole kupitia dirishani, kiganja kikitazama chini, usawa wa kichwa changu. Ndivyo wazee wao wanavyowasalimu walio wadogo kwao. Mdogo huinamisha kichwa, mkubwa humgusa utosini, ndipo maneno yaanze. Nimeona hivyo sokoni tangu niko mtoto.

Nilijua mkono ule ulikuwa unataka nini. Niliandika trakoma, nikaacha nafasi ya pili wazi, nikaugeuza ule mkono na kuweka kadi ndani yake. Sikufungua mdomo. Nilimwonyesha dirisha la dawa kwa kidevu.

Aliitazama kadi, akanitazama mimi, kisha akaondoka. Nikamwita anayefuata.

Majuma kadhaa baadaye tulitangaziwa kwamba kundi la wataalamu wa macho lingepiga kambi Mikumi kwa siku tatu. Waliomba orodha mbili kutoka kwetu. Ya kwanza ilikuwa ya wenye kope zilizoharibiwa na trakoma. Hao wangepasuliwa palepale Mikumi, kwa sababu upasuaji wake ni mfupi na mtu anarudi nyumbani siku hiyohiyo. Ya pili ilikuwa ya wenye mabaki ya majeraha ya macho, walioingiwa na maji ya betri, dawa za shamba, chokaa na vitu kama hivyo. Kope zao hazifai kukatwa na kushonwa kambini, kwa hiyo wangepakiwa kwenye gari na kupelekwa hospitali kubwa kwa mtaalamu anayeweza kuotesha ngozi mpya. Orodha zinatolewa na kompyuta kwa kufuata namba. Nilibonyeza mimi, nikazichapa mimi, na nikachaguliwa kwenda nazo Mikumi ili nihakiki majina. Nilifurahi sana, maana posho ya safari si kitu cha kukidharau, na Mikumi kuna mishikaki mizuri.

Siku ya kwanza ya kambi niliamka mapema nikalisimamia gari la orodha ya pili. Nilisoma majina, nikaweka alama ya vema kwa kila aliyepanda. Kulikuwa na fundi betri mmoja aliyekuwa anachekesha wenzake, na mzee aliyeshuka kutoka Vidunda mlimani na mkungu wa ndizi, akakataa katakata kuuacha. Gari lilikuwa na nafasi. Liliondoka likiingia barabara kuu kati ya malori, viti viwili vya nyuma vikiwa vitupu, na mkungu wa ndizi ukawekwa kwenye kimojawapo.

Mama yule alikuwa kwenye orodha ya kwanza. Aliitwa karibu na saa sita. Meza yangu ilikuwa hatua tatu tu kutoka kwenye kiti cha uchunguzi, nikimwona mgongo. Kijana wa kupasua kope, mwenye taa kichwani kama mchimba madini, alinawa, akamsogelea na kuinama. "Shikamoo, mama." Mama akamgusa kichwa, taa ikacheza. "Marahaba, mwanangu."

Kijana aliishika kope ya kushoto akijaribu kuigeuza. Haikugeuka. Akajaribu tena taratibu, kisha akaacha.

"Mama, haya macho yalipatwa na nini?"

"Kostiki," akasema. "Ile ya kupikia sabuni."

Alikuwa anasema Kiswahili kizuri kabisa. Kilikuwa na lafudhi ya kwao, lakini hakikuwa na tatizo lolote. Mimi siku ile nilikuwa nimeshaamua kichwani mwangu kwamba hakijui.

"Tulikuwa na kikundi cha kina mama, njia ya kwenda Kilangali," alieleza. "Wakulima na sisi tulikuwa pamoja. Mimi nilikuwa nimezoea kuwauzia maziwa, wakaniambia ingia, jifunze sabuni. Sasa kostiki inatakiwa imwagwe kwenye maji, kidogo kidogo, kama unavyotia unga wa ugali. Mimi nikafanya kama chai. Niliweka kostiki kwanza, nikamimina maji juu. Ikachemka, ikaruka yote usoni."

"Walikuosha?"

"Maji ya kwenye ndoo yalikuwa hayo hayo niliyomimina, yamekwisha. Kisima kilikuwa mbali. Wenzangu wakaniosha na maziwa yangu, galoni zima, wakilia. Maziwa ni kitu safi, tulidhani yatasaidia. Maji yalikuja baadaye sana."

Kijana alizima taa ya kichwani. "Mama, hii si trakoma. Kope imeshikana na jicho lenyewe. Nikikata hapa nitakuharibia." Aligeuka kunitazama. "Huyu mama alitakiwa apande lile gari. Liko wapi?"

Nilisema limeondoka asubuhi. Akampigia dereva, simu haikupatikana, kwa sababu katikati ya mbuga mtandao hukatika. Ilipopatikana, gari lilikuwa limeshapita Morogoro mjini. Aliuliza safari nyingine itakuwa lini. Kiongozi wa kambi akasema labda baada ya mvua, kama mafuta yatapatikana.

"Lakini kwa nini aliwekwa kwenye orodha hii?" kijana akauliza. "Si alieleza hospitali?"

"Nilimweleza daktari," mama akasema. "Aliandika."

Wote walinitazama mimi, isipokuwa yeye, ambaye hakugeuka. Hapo ningeweza kusema. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze, lakini haikupasuka, na mdomo wangu, ambao siku zote una majibu ya haraka, ukatoa jibu la haraka. "Kompyuta zetu hizi nazo," nilisema. "Zinachanganya majina." Watu wakatikisa vichwa kwa kukubali, maana kila mtu ana kisa chake na kompyuta za ofisini. Kijana akazing'oa zile nywele za kope moja moja kwa koleo dogo, akampa mama dawa ya kupaka, akamwambia nywele zitaota tena na zikiota zitalikwaruza jicho, kwa hiyo aje kung'olewa kila mwezi bila kukosa. Mama akaitikia. Akafunga dawa kwenye pindo la shuka.

Sikula mishikaki.

Jumatatu nilifungua faili lake kwenye kompyuta nikafuta trakoma. Niliandika namba ya kwanza: kovu la kope lililogeukia ndani. Nikaandika na ya pili: mabaki ya kuungua kwa kemikali kwenye jicho na sehemu zinazolizunguka. Kompyuta ilipokea bila ubishi, kama ilivyopokea ule uongo wa kwanza. Nilikaa nikiitazama ile mistari miwili. Ilikuwa sahihi kabisa, na hakuna gari ambalo lingekuja kwa sababu yake kabla ya mvua kwisha.

Halafu mvua zikaja, na kwa kweli zilikuja kama zilivyozoea kuja Kilosa. Mto ulipasua kingo, barabara ya kwenda Kilangali ikawa haipitiki, huku kwetu Mabwerebwere tukalala na mabeseni sakafuni. Mwezi wa kwanza mama hakuja kung'olewa kope. Wa pili hakuja. Nilitafuta namba ya simu kwenye kadi yake, nafasi ilikuwa wazi. Anayeandika namba za simu ni mimi, na ili uiandike lazima uulize. Jumamosi moja nilikodi bodaboda. Tulifika mahali maji yalipokuwa yamefunika barabara, dereva akazima pikipiki, akaniambia dada, mimi naishia hapa. Kulikuwa na watu wanavuka kwa miguu, maji yakiwafika mapajani, vitu kichwani. Ningeweza kuvuka. Nilisimama pale nikiwatazama, kisha nikapanda tena bodaboda nikarudi nyumbani. Niliwaambia kazini kwamba barabara imekatika, na hilo halikuwa uongo.

Mama yule alikuja matope yalipokauka. Nilimwona kupitia dirishani akiwa bado kwenye foleni, mkono mmoja ukiwa begani kwa binti yake, mtu mzima mwenye mtoto mgongoni. Sikuhitaji kusoma kadi. Jicho la kushoto lilikuwa jeupe kama la kulia. Nywele za kope ziliota, zikakwaruza, kidonda kikaingia, na walipoweza kuvuka maji kidonda kilikuwa kimeshamaliza kazi yake. Daktari safari hii alikuwa ameandika kwa herufi kubwa, mstari kwa mstari, kama anamwandikia mtoto: HAONI MACHO YOTE MAWILI.

Niliinuka kwenye kiti, nikatoka kwa mlango wa pembeni, nikaenda kusimama mbele yake. Watu wa foleni walinishangaa, hawajazoea kuniona nikitoka.

"Shikamoo, mama," nikasema, nikainamisha kichwa.

"Marahaba."

Mkono wake ulinyooka, kiganja kikitazama chini, ukagusa hewa pembeni ya bega langu. Ukatafuta, ukaenda mbele, ukarudi. Niliusogelea nikaweka kichwa chini yake. Ulitulia utosini pangu. Ulikuwa mkono mkavu na mzito.

"Sauti hii siijui," alisema. "Ni mgeni hapa?"

"Hapana, mama. Niko hapa miaka mingi."

"Mbona siijui?"

Binti yake alinitazama, akasubiri na yeye. Nilifikiria kompyuta, nilifikiria mvua, nilifikiria hata ng'ombe wa bondeni na mahindi ya baba. Vyote vilikuwa karibu na ulimi, tayari kutoka.

"Siku ile dirishani hukuisikia kwa sababu sikusema na wewe," nikasema. "Ni mimi niliyekupa kadi mkononi. Niliandika trakoma, na nilikuwa naona kabisa kwamba siyo. Sikukuuliza. Kama ningekuuliza ungepanda lile gari la Mikumi, lilikuwa na viti. Kule uliisikia mara moja tu, nyuma yako, nikisema ni kompyuta. Haikuwa kompyuta, mama. Nisamehe."

Mkono ulibaki kichwani pangu. Mtoto aliyekuwa mgongoni alianza kulia, akanyamazishwa.

"Nilikuona siku ile," alisema. "Ulivaa mtandio wa kijani. Una kidoti hapa, juu ya mdomo."

Ninacho.

Akauondoa mkono. "Sasa umeandika nini?"

Nilirudi ndani nikaandika, nikatoka tena na kadi yake nikamsomea. Nilimsomea mstari wa kwanza, upofu wa macho yote mawili, na mstari wa pili, mabaki ya kuungua kwa kemikali. Alinifanya nirudie ule wa pili. Nikarudia, polepole.

"Ndiyo hivyo," akasema. "Ni kostiki. Ungeniuliza tu, ningekwambia."

Hakusema amenisamehe, na hakusema hajanisamehe. Alinyoosha tena mkono kuelekea nilipokuwa. Mwili wangu uliinama wenyewe, kichwa kikatangulia, kabla sijaona kwamba safari hii kiganja kilikuwa kimetazama juu. Alikuwa anataka kadi yake.

Nikaiweka.